Mtoto Aliyeitwa Mchanga

Nilipoingia kazini Riyadh nilikuwa nimezoea kufuta vumbi mara moja kwa siku. Kwa madam nilifuta mara tatu. Tulikaa ghorofa ya nne, mtaa wa Sulimaniyah, hatua chache kutoka duka la miwani ambako madam alipima watu macho. Dirisha likisahauliwa wazi asubuhi, hata upenyo wa kidole, adhuhuri unaweza kuandika jina lako juu ya meza. Mchanga wa kule si kama wetu wa Mombasa. Ni laini kama unga wa ngano, na huingia hata ndani ya kabati la sahani lililofungwa.

Kwa hiyo siku madam aliponiambia kwamba mtoto aliye tumboni mwake atamwita Mchanga, nilidhani sikusikia vizuri.

Madam ni mtu wa Lituania, nchi ndogo kando ya Bahari ya Baltiki, ambayo sikuwahi kuisikia mpaka nilipoingia nyumbani kwake. Mumewe, niliyemwita baba kama ilivyo desturi ya kule, ni Mlebanoni aliyekulia Jidda, mhandisi wa majengo. Mimi na madam tulizungumza Kiingereza cha kuungaunga, na kilipotushinda tuliazima Kiarabu: yalla, twende; halas, basi; mafi, hakuna. Katika mambo ya mchele na sabuni tulielewana vizuri sana. Katika mambo makubwa kila mmoja alibaki na lake.

Siku hiyo alikuwa jikoni, mimba ya miezi saba, miguu ameiweka juu ya kiti cha pili. Alichukua karatasi niliyoandikia vitu vya kununua, na chini ya vitunguu na maziwa akaandika neno: Smiltė. Ile e ya mwisho aliitia kitone juu yake, polepole, kama anayeweka chumvi kwenye yai.

"Soma," akasema.

"Similite."

"Usiweke i katikati."

"Simlite."

Alicheka, akanitamkia tena na tena mpaka nikalipata kwa namna yangu, Smilte. Nikamwuliza lina maana gani. Aliinuka kwa taabu, akapitisha kidole kwenye kingo ya dirisha niliyokuwa nimeifuta saa mbili kabla, akanionyesha ncha ya kidole.

"Hii," akasema. "Punje moja ya hii."

Nikachukua kitambaa nikafuta tena ile kingo. Kwetu mtu akiharibikiwa na jambo husema kitumbua chake kimeingia mchanga. Na mchanga ndio uliokuwa kwenye pindo za kanzu za kaka zangu waliporudi kutoka kumzika baba yetu. Nilizifua mwenyewe, mchanga ukabaki chini ya beseni. Nilijaribu kumwona mtu anamwita mwanawe hivyo asubuhi, njoo Mchanga unywe chai, nikashindwa.

"Kwenu wako wengi wenye jina hili?" niliuliza.

"Wachache sana. Shuleni kwetu hakuwepo hata mmoja. Ndiyo maana nalitaka."

Akanieleza kwamba bibi yake alikaa kwenye ukanda mwembamba wa ardhi, bahari upande mmoja na maji yaliyotulia upande wa pili, na katikati vilima vya mchanga virefu kuliko nyumba. Bibi alikuwa akisema ukitaka kujua kama umeshafika nyumbani, vua viatu uvikung'ute. "Watu wananihurumia kwa sababu ya mchanga wa hapa," madam alisema. "Hawajui kwamba ndicho kitu pekee Riyadh ninachokifahamu."

Nilimwelewa, halafu nikafika chumbani kwangu nikagundua kwamba sikumwelewa.

Juma hilohilo mama mkwe wake akanipigia simu kutoka Jidda. Alikuwa na mazoea ya kunipigia mimi badala ya mkwewe, kwa sababu Kiarabu changu, ingawa ni cha jikoni, kilikuwa kirefu kuliko cha madam. Nami nilimwita mama. Aliuliza anakula, analala, miguu imevimba. Kisha akashusha sauti.

"Binti yangu, wamechagua jina?"

Madam hakuniambia nifiche, wala hakuniambia niseme. Lile jina lenyewe sikuweza kulitamka kwenye simu bila kujiaibisha, kwa hiyo nikatafuta maana yake kwa Kiarabu. Mchanga ni *raml*.

"Ni raml, mama," nikasema.

"Ramla?"

"Ndiyo, raml."

Kisha nikasikia anamshukuru Mungu. Alisema Ramla ni jina la mmoja wa wake za Mtume, jina lenye heshima. "Na mimi nilimdhania vibaya," alisema. "Nilidhani atatuletea jina la barafu."

Hapo ndipo nilipopaswa kusema, hapana mama, ngoja. Ulimi ulikuwa mzito. Tena nilikuwa nimeshangaa kwa ajili yangu mwenyewe. Mombasa kila mtaa una Ramla wake. Darasani kwetu walikuwa wawili, mmoja mrefu, mmoja aliyependa kulia. Miaka yote hiyo hakuna aliyewahi kuniambia kwamba wale wasichana waliitwa mchanga, na sijui kama wao wenyewe walijua. Niliduwaa na simu mkononi, nikijiuliza ni nani katika watu ninaowajua anayefahamu jina lake linasema nini. Nilipozinduka mama mkwe alikuwa ameshaniaga.

Mimba ilipofikia miezi minane tulikwenda Jidda, madam na mimi, ili azalie huko karibu na mama mkwe. Baba alibaki na kazi yake Riyadh, akija mwisho wa juma. Mama mkwe alitupokea mlangoni na sinia la tende, akatupeleka moja kwa moja kwenye chumba cha mtoto. Juu ya kitanda kidogo palikuwa na blanketi jeupe la pamba, na kwenye kona yake alikuwa amedarizi kwa uzi wa kijani, kwa mkono wake, neno moja la Kiarabu.

Madam hajui kusoma Kiarabu. Mimi nimesoma chuo cha Kurani tangu utotoni, na herufi ziko wazi hata leo. Ilikuwa ni Ramla.

"Inasema nini?" madam aliniuliza kwa Kiingereza.

Mama mkwe alikuwa anatutazama, anatabasamu, hajui tulichosema. "Inasema mchanga," nikajibu.

Si uongo. Nimelipima neno hilo mara nyingi tangu siku ile na bado naona si uongo. Lakini madam aliweka mkono mdomoni, machozi yakamtoka, akamkumbatia mama mkwe wake, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya. Mama mkwe naye akalia. Walisimama hivyo kwa muda mrefu, tumbo la madam katikati yao, kila mmoja akishukuru kwa jambo ambalo mwenzake hakulifanya. Mimi nilishika begi. Sikujua kama nimewapatanisha au nimewachimbia shimo.

Ijumaa ile nilipewa ruhusa ya mchana, nikachukua teksi ya kuchangia mpaka mtaa wa Bani Malik, kwa dada yangu, binti wa mama mdogo, aliyekuwa akifanya kazi ya saluni na kukaa chumba kimoja na wenzake wawili. Nilimkuta anasuka. Nikakaa sakafuni nikamweleza yote, kuanzia ile karatasi ya vitunguu. Hakuacha kusuka.

"Hebu litamke hilo jina," akasema.

"Smilte."

"Simile?" Akacheka yeye na aliyekuwa anasukwa. "Kama mwenye mkokoteni pale sokoni Marikiti, simile, simile, tupisheni."

"Mimi nimechanganyikiwa, na wewe unanicheka."

"Sasa umechanganyikiwa na nini? Jina la mchanga? Kwani sisi husemaje mtoto akizaliwa? Si tunasema mtoto mchanga?"

Neno hilo nimelitumia maisha yangu yote, na sikuwahi kuliweka karibu na lile lingine. Nilimwuliza kama ni neno moja au ni mawili yanayofanana. Alisema yeye hajui, yeye ni msusi. Aliyekuwa anasukwa, Mtanzania, alisema ni mawili; halafu akasema labda ni moja, kwa sababu mtoto anapozaliwa hashikiki, kama mchanga. Kisha dada yangu akaacha kitana, akanitazama usoni.

"Haya ya maneno yaache. Hao watu wawili wanapendana kwa makosa yako. Waambie kabla mtoto hajatoka."

Niliahidi. Nilirudi nimepanga sentensi zote, za Kiarabu kwa mama mkwe na za Kiingereza kwa madam. Nilipofungua mlango nikakuta nyumba tupu, na sufuria ya wali imeachwa kwenye jiko lililozimwa. Uchungu ulikuwa umemshika madam saa ya alasiri, wiki tatu kabla ya wakati wake.

Mtoto alizaliwa salama, msichana mdogo mwenye nywele nyeusi za baba yake. Siku mbili za mwanzo wote walimwita kwa majina yao na hakuna aliyeshtuka. Mama mkwe alisema Ramla, na madam alidhani ni neno la Kiarabu la kubembeleza. Madam alisema Smiltė, na mama mkwe alidhani ni namna watu wa kwao wanavyolitamka Ramla, maana hata kahawa alikuwa anaitamka ovyo. Mimi nilimwita mtoto tu. Sentensi zangu zote zilikuwa zimetoweka.

Siku ya tatu, wakiwa wamesharudi nyumbani, baba, aliyezuiwa na kazi Riyadh mpaka asubuhi ile, alivaa viatu aende kumwandikisha mtoto. Tulikuwa wote sebuleni.

"Uandike vizuri," mama yake alimwambia. "Ramla, kwa herufi ta mwishoni."

Baba akasimama. "Ramla?"

Madam alilisikia lile neno mara mbili, kutoka vinywa viwili. "Ramla ni nani?" akauliza.

Baba akamgeukia mama yake, mama yake akamgeukia madam, madam akamgeukia mumewe. Kila mmoja alisema kitu na hakuna aliyejibiwa. Mama mkwe alisema, lakini wewe mwenyewe umechagua, na hakueleweka. Madam alisema, lakini mama yako alidarizi, na huyo naye hakueleweka. Baba alikuwa katikati, anajua lugha zote mbili, na ndiye aliyekuwa amepotea kuliko wote.

"Ni mimi," nikasema.

Nilisema kwa Kiarabu kwanza, kwa sababu mama mkwe ndiye mkubwa. Nilimweleza ile simu.

"Ulisema nini hasa?" aliuliza.

"Nilisema raml."

"Nami nikasikia Ramla. Sasa uongo wako uko wapi?"

"Nilinyamaza, mama."

"Mwezi mzima?"

"Mwezi mzima."

Kisha nikamgeukia madam. Yeye alikuwa ameshaelewa, kwa sababu alikuwa amekwenda kuchukua lile blanketi na alikuwa anazitazama zile herufi za kijani kana kwamba zinaweza kujieleza.

"Ulinisomea," akasema. "Ulisema ni mchanga."

"Ni mchanga, madam. Wallahi ni mchanga. Ila ni jina jingine."

Uso wake haukuwa wa hasira. Ulikuwa uso wa mtu aliyepewa chenji ya nchi nyingine. Alikaa, akachukua simu yake akampigia mama yake huko kwao, nadhani kwa sababu alihitaji kumwona mtu mmoja anayemwelewa bila msaada. Mama yake akatokea kwenye kioo, amevaa sweta ndani ya nyumba. Wakaanza kuzungumza kwa lugha yao, kwanza polepole, kisha sauti za wote wawili zikapanda. Tuliona madam anatikisa kichwa. Yule mama akatoweka, akarudi na kitabu, akafungua ukurasa akauweka mbele ya kamera: kijimmea kidogo chenye maua meupe madogo kama vifungo vya shati, kimeota mahali pakavu.

"Wanasema nini?" mama mkwe akauliza.

Baba alikuwa amejifunza lugha ya mkewe kiasi. Alisikiliza, akajishika paji la uso. "Mama yake anasema si mchanga kabisa. Mchanga unaitwa vingine kidogo. Hili ni jina la ua linaloota mchangani. Na mke wangu anasema bibi yake alimwambia ni mchanga, na bibi ndiye aliyekuwa anaishi huko."

"Kwa hiyo hata wenyewe hawajui?"

"Hata wenyewe hawajui."

Mama mkwe alianza kucheka. Alicheka mpaka akajishika mbavu, akakaa kwenye mkono wa kochi. Yule mama wa kwenye simu, ambaye hakujua kinachochekwa, akacheka pia, na madam akabaki katikati ya vicheko viwili, machozi yanamtoka, mtoto mapajani. Alipotulia, mama mkwe alimwambia mwanawe, "Andika la mama yake. Yeye ndiye aliyembeba. Mimi nitamwita ninavyojua."

"Na blanketi?" baba aliuliza.

"Blanketi ni langu, liache."

Hivyo ndivyo alivyoandikwa. Lakini jina lile kwa herufi za Kiarabu, bila irabu zake, kila mtu hulisoma anavyotaka. Kwenye kliniki ya chanjo walimwita Sumeilati. Mara nyingine Samalti. Mara moja mwuguzi aliita Sumayya, tukainuka, akainuka na mama mwingine mwenye Sumayya wa kweli, tukasimama wote tukitazamana.

Madam hakusema nami kwa siku mbili ila kuhusu maji ya moto na nepi. Nilifunga nguo zangu kwenye sanduku nikingoja neno. Siku ya tatu asubuhi aliingia jikoni, akanipa mtoto mikononi, akasema anakwenda kuoga. Aliponirudia alisema, "Mwite." Nikamwita kwa jina lake, kwa namna ninayoweza. Sikujua kama huo ni msamaha au ni mtihani. Nilifungua sanduku jioni ile, basi.

Tulirudi Riyadh. Mtoto alikua, akatambaa, akaanza kula kila alichokiona sakafuni. Mimi nilizoea lile jina mpaka nikaanza kulipenda bila kujua ninapenda nini ndani yake. Nililisema nikiosha vikombe. Nililisema kwenye ujumbe wa sauti niliomtumia mdogo wangu Mombasa, nikimsimulia mtoto leo kafanya hivi, leo kasimama. Mdogo wangu alikuwa na mimba yake mwenyewe wakati huo, na nilidhani ananisikiliza kama mtu anavyosikiliza habari za ng'ambo.

Alipojifungua alinipigia. Ni msichana, alisema, na wamempa jina.

"Nani?"

"Smilte."

Nilikaa kwenye ukingo wa beseni la kuogea. Nilimwuliza kama anajua linatoka wapi. Alisema linatoka kwangu. Nilimweleza haraka haraka kwamba ni mchanga, au ni ua, hata wenyewe wanabishana, na kwetu mchanga una mambo yake, mama atasemaje.

"Mama ameuliza, nikamwambia ni jina la Kizungu," alisema. "Shemeji yako alitaka Ramla, nikakataa, wako wengi. Dada, mimi maana siitaki. Ukilitamka mdomo unatabasamu wenyewe. Jaribu."

Nilijaribu, mlango umefungwa. Ni kweli kidogo.

Nilikaa na habari hiyo siku nne. Niliona kama nimeiba kitu cha mtu kikavuka bahari bila ruhusa. Jina ambalo madam alilitaka kwa sababu ni adimu, sasa lilikuwa Kisauni kule Mombasa, kwenye nyumba ya mabati, na mtoto mwenyewe hatajua kamwe hicho kisiwa cha mchanga, kama kwanza ni kisiwa. Lakini nilikuwa nimeshajifunza gharama ya kunyamaza. Siku ya tano, madam akiwa anamenya chungwa jikoni, nilimwambia.

Aliacha kisu. Aliniomba nirudie. Nikarudia: mdogo wangu, Mombasa, msichana, jina lilelile.

"Kwa nini?" akauliza, na aliuliza kwa upole, kama mtu anayeuliza njia.

"Sijui, madam. Anasema amelipenda."

Kisha akafuta mikono yake kwenye aproni yangu niliyokuwa nimeivaa, akaomba aone picha. Nilimpa simu. Aliikuza kwa vidole viwili mpaka uso wa mtoto ukajaa kioo chote, akauliza wanaliandikaje huko, na kile kitone cha juu wamekiweka au wamekiacha. Nilisema sijui, nitauliza.